Somo la Pilipili Kavu: Kuanika, Kusaga na Kutia Chupani



Siku moja mama mmoja mkulima wa upande wa Mkongani alifika ofisini kwetu na gunia la pilipili. Alikuwa atoka nalo sokoni. Mnunuzi alitia mkono ndani, akatoa konzi moja ya pilipili za chini, akanusa, akatikisa kichwa, akaenda zake. Za juu zilikuwa nyekundu, za kupendeza. Za chini zilikuwa zimeshikana, na zilipovunjwa zilikuwa na ukungu wa kijivu kwa ndani.

“Mwalimu,” aliniambia, maana walio wengi huniita hivyo kwa kuwa nilisomea ualimu kabla ya kuwa karani, “nimelima, nimepalilia, nimechuma siku kwa siku. Sasa hizi ni za kutupa?”

Nilimjibu, “Ndiyo, mama. Hizi za ukungu ni za kutupa.”

Neno hilo halikuwa jepesi kulisema, wala kwake halikuwa jepesi kulisikia. Lakini alipoketi akanywa maji, aliniuliza swali lililo bora kuliko la kwanza: “Basi nifanyeje mwakani ili nisije tena hapa na gunia kama hili?” Somo la mwezi huu ni jibu la swali lake. Tutajifunza mambo mawili. La kwanza ni kuanika pilipili zikauke kweli. La pili ni kuzitengeneza nyumbani ziwe sosi nzito ya chupa, kwa namna watu wa Meksiko watumiavyo pilipili kavu, ili mkulima asiwe na mlango mmoja tu wa kuuzia mali yake.

Sisi wa Kwale twajua hatari ya kuwa na mlango mmoja. Kiwanda cha sukari cha Ramisi kilipofungwa mwaka 1988, wengi waliokuwa wakitegemea miwa walibaki na zao lisilo na mnunuzi. Pilipili yaweza kumfanyia mtu hivyo hivyo, iwapo anayeinunua ni dalali mmoja tu, naye akipita siku aitakayo na kwa bei aitakayo.

1. PILIPILI IMETOKA WAPI?

Wengi wetu hudhani ya kuwa pilipili ni ya hapa tangu zamani, kwa sababu twaiona imeota yenyewe chini ya mwembe na mkorosho. Sivyo. Pilipili ziwashazo zote duniani asili yake ni bara la Amerika. Watu wa Meksiko walianza kuzila na kuzipanda zaidi ya miaka 6,000 iliyopita. Wareno, ambao meli zao zilifika Mombasa na Malindi mwaka 1498, ndio waliozitembeza katika bandari za Afrika na Bara Hindi katika miaka ya 1500. Kabla ya hapo babu zetu walijua pilipili manga, ile ya punje nyeusi, ambayo ni mmea wa jamaa nyingine kabisa.

Na mbona huota chini ya miti? Ni kazi ya ndege. Dawa iwashayo iliyomo katika pilipili huwachoma watu na wanyama, lakini ndege hawaisikii. Ndege hula tunda, huruka, hutua mtini, na mbegu huanguka chini pamoja na mavi yake. Ndovu naye haipendi pilipili, na wakulima walio karibu na hifadhi ya Shimba Hills wajua vema thamani ya zao ambalo ndovu hana haja nalo.

2. MAJINA YASITUPOTEZE

Kabla ya kwenda mbele, yatupasa kukubaliana juu ya majina, kwa maana mtoto akitumwa sokoni akaleta pilipili nyingine, chakula kizima huharibika.

Pilipili kichaa ni ile ndogo, fupi kuliko kidole, iliyosimama juu mtini, kali sana. Hii ndiyo wanunuzi wa nje huitafuta ikiwa kavu.

Pilipili ndefu ni ile nyembamba yenye urefu wa kidole au zaidi, kali, lakini si kama kichaa.

Pilipili mboga ni ile kubwa, nene, isiyowasha. Siku hizi katika soko la Ukunda na kwingineko watu huiita hoho, ijapokuwa wazee wa pwani wakitaja hoho humaanisha ile kali. Katika somo hili nitasema pilipili mboga.

Jambo hili lina maana kubwa kwa kazi yetu. Mwaka 1912 Mmarekani mmoja, Wilbur Scoville, alitunga kipimo cha ukali wa pilipili. Pilipili kavu nyingi za Meksiko zitumiwazo kwa sosi ni kubwa na za upole. Ile iitwayo ancho hupata kama 1,000 hadi 2,000 katika kipimo hicho, na iitwayo guajillo kama 2,500 hadi 5,000. Pilipili kichaa yetu yaweza kupata 50,000 hadi 100,000. Mtu akisoma katika kitabu cha upishi “chukua pilipili kavu kumi na mbili”, naye akatia konzi za kichaa kwa kukisia, hatakuwa ametengeneza chakula bali adhabu. Kwa hiyo sisi tutatumia pilipili mboga nyekundu zilizokaushwa ili tupate wingi, rangi na utamu, kisha tutatia pilipili kali kidogo kwa ajili ya ukali.

3. KUCHUMA NA KUANIKA

Chuma pilipili zilizoiva nyekundu kabisa. Iliyo nusu kijani hukauka ikawa na mabaka meupe na bei yake hushuka. Chuma baada ya umande kuondoka. Usichume wakati wa mvua. Tumia kikapu au ndoo safi, wala si mfuko wa nailoni, kwa kuwa pilipili hutoa jasho ndani ya nailoni na kuanza kuoza kabla hazijafika nyumbani.

Zikifika, zichague siku hiyo hiyo. Toa zilizopasuka, zilizooza, zenye tundu la mdudu. Kama zina vumbi, zioshe kwa maji safi, kisha ziache zichuruzike. Pilipili kichaa na pilipili ndefu huanikwa nzima. Pilipili mboga lazima ipasuliwe, itolewe moyo na mbegu, na kukatwa vipande virefu vya upana wa kidole, la sivyo itaoza kabla ya kukauka.

Usianike chini. Nalisema tena, ndugu zangu: usianike chini. Mchangani kuna vumbi, mavi ya kuku na mbegu za ukungu, na ardhi hutoa unyevu usiku. Jenga uchaga wa miti ulio juu ya ardhi kiasi cha kiuno cha mtu, tandika mkeka safi au wavu, na utandaze pilipili safu moja tu, zisilaliane. Wavu ni bora, kwa maana upepo hupita juu na chini. Zigeuze mara mbili tatu kwa siku. Jioni, kabla ya umande, ziingize ndani au zifunike vizuri. Asubuhi zitoe tena jua likishapanda.

Katika majira ya kaskazi, Desemba hata Machi, jua ni kali na pilipili kichaa huweza kukauka kwa siku 6 hadi 10. Vipande vya pilipili mboga huchukua kama siku 3 hadi 5. Hewa yetu ya Diani na Msambweni ina unyevu wa bahari, kwa hiyo usihesabu siku tu. Pima kwa mkono. Pilipili iliyokauka hufanya mambo mawili. Ukizitikisa katika kiganja kilichofungwa, mbegu hulia ndani kama kayamba. Na ukiikunja moja, huvunjika kwa sauti. Haipindi kama ngozi. Ile ipindayo irudishe juani.

Masika yakija, kuanzia Aprili, hali huwa ngumu. Hapo wengi hupoteza mali. Uchaga wa juu ya meko, ambamo wazee wetu waliweka mahindi, wafaa pia kwa pilipili, ila moto uwe wa kuni kavu, mdogo, wala usichome plastiki wala mbao zilizopakwa rangi. Pilipili hizo zitakuwa na harufu ya moshi. Si kosa. Meksiko wana pilipili iitwayo chipotle ambayo hukaushwa kwa moshi makusudi, na watu huitafuta kwa harufu hiyo.

Pilipili zikishakauka, ziache zipoe kabla ya kuzifunga. Zitie katika debe lenye kifuniko kinachobana. Ziweke juu ya mbao, mbali na ukuta, mbali na mbolea, dawa za shamba na mafuta ya taa. Fungua uzitazame kila baada ya wiki mbili.

4. UKUNGU NI SUMU

Sasa nirudie gunia la yule mama. Kwa nini nilimwambia atupe, badala ya kumwambia apanguse zile za ukungu na kuziosha?

Katika nafaka, karanga na pilipili zilizokauka vibaya huota ukungu wa aina fulani utoao sumu iitwayo aflatoksini. Sumu hii hudhuru ini. Haionekani kwa macho, haina ladha, na wala haiondoki kwa kupika, kukaanga au kusaga. Mwaka 2004, katika wilaya za Ukambani, hasa Makueni na Kitui, watu 317 waliugua kwa kula mahindi yenye sumu hiyo, na 125 kati yao walikufa. Wengi katika makazi ya Shimba Hills wana jamaa zao huko na wanaikumbuka habari hiyo bila ya kuambiwa na karani.

Ni kweli ya kwamba mtu hali pilipili nyingi kama alavyo ugali. Lakini sumu ni sumu, na anayesaga pilipili za ukungu kuwa unga huificha tu, akamwuzia mwenzake. Kwa hiyo shika amri hii: pilipili yenye ukungu haisagwi, hailishwi kuku wala mbuzi, huzikwa au huchomwa mbali na nyumba, na usikae karibu na moshi wake. Zilizogusana nazo huondolewa pia. Hasara ya konzi moja ni ndogo kuliko hasara ya gunia, na hasara ya gunia ni ndogo kuliko hasara ya mtu.

5. KUTENGENEZA SOSI

Watu wa Meksiko hufuata hatua nne: hukaanga pilipili kavu kidogo bila mafuta, huziroweka, huzisaga, kisha huzichemsha tena kwa mafuta kidogo. Kikaango chao cha udongo huitwa comal. Sisi tuna kaango au tawa la chapati. Wao husagia katika kinu cha jiwe chenye miguu mitatu. Sisi tuna kinu na mchi, na jiwe la kusagia. Hakuna chombo cha kununua ng’ambo.

Vitu vinavyohitajiwa kwa chupa 4 za mililita 250:

Pilipili mboga nyekundu kavu, gramu 60. Hizi hutokana na kilo 1 hivi ya mbichi.
Pilipili ndefu kavu, gramu 20. Au pilipili kichaa kavu, kijiko 1 cha chai kilichojaa.
Nyanya mbivu 4 za kadiri.
Kitunguu maji 1.
Kitunguu saumu, punje 6.
Siki ya dukani, kikombe 1 cha mililita 250. Soma karatasi ya chupa: iwe na asidi 5 katika 100.
Mafuta ya kupikia, vijiko 2 vya kulia.
Chumvi, vijiko 2 vya chai.
Bizari nyembamba, nusu kijiko cha chai.
Maji ya moto, vikombe 2.

Kwanza, mikono. Jipake mafuta ya kupikia mikononi kabla ya kushika pilipili kali, na ukimaliza jisugue tena kwa mafuta kisha uoshe kwa sabuni. Dawa iwashayo haiyeyuki katika maji matupu, bali katika mafuta. Usiguse macho, wala usimshike mtoto mchanga. Akila mtu akawashwa mno, maji hayamsaidii. Mpe maziwa au tui la nazi. Ujue pia ya kuwa ukali mwingi haumo katika mbegu kama wasemavyo wengi, bali katika utando mweupe unaoshika mbegu. Anayetaka sosi ya upole na autoe utando huo.

Hatua ya kwanza: kukaanga. Pasha kaango moto wa kadiri, bila mafuta. Tia vipande vya pilipili mboga, ugeuze geuze kwa muda wa sekunde 20 au 30 tu, hata vinukie na kubadilika rangi kidogo. Toa. Kisha pilipili kali, muda mfupi zaidi. Hapa ndipo wengi huharibu. Pilipili ikiwa nyeusi, sosi yote huwa chungu, na hakuna sukari wala chumvi iwezayo kuiponya. Ikiungua, itupe uanze upya. Fanya kazi hii nje au milango ikiwa wazi, na watoto wawe mbali, kwa kuwa moshi wake hukohoza nyumba nzima.

Hatua ya pili: kuroweka. Tia pilipili zote katika bakuli, mimina yale maji ya moto, weka sahani juu ili zizame, ziache dakika 20 hadi 30 hata zilainike. Wakati huo, katika kaango lile lile, babua nyanya, kitunguu na punje za kitunguu saumu zikiwa na maganda yake, mpaka zipate madoa meusi hapa na pale na kulainika. Menya kitunguu saumu.

Hatua ya tatu: kusaga. Saga pilipili pamoja na nyanya, vitunguu, chumvi na bizari, ukitia maji ya kurowekea kidogo kidogo. Yaonje maji hayo kwanza. Yakiwa machungu, yamwage utumie maji safi yaliyochemshwa. Ukisaga kwa kinu, anza na chumvi, kitunguu saumu na pilipili, kwa kuwa chumvi husaidia kukata maganda. Kisha chuja katika chujio la tui la nazi. Maganda na mbegu yatabaki, rojo laini litapita.

Hatua ya nne: kuchemsha. Pasha mafuta katika sufuria, mimina rojo kwa uangalifu maana hurukaruka, na ukoroge dakika 5 hata rangi iive. Tia siki. Chemsha kwa moto mdogo dakika 10 au 15, ukikoroga hata chini, mpaka rojo likishika mgongo wa kijiko. Onja chumvi. Usipunguze siki hata kama waiona kali, kwa sababu nitakayoeleza sasa hivi.

6. KUTIA CHUPANI

Mwaka nilipojaribu kazi hii mara ya kwanza, nilijiona fundi. Nilitengeneza sosi yenye pilipili, kitunguu saumu na mafuta mengi, bila siki wala ukwaju, nikaitia katika chupa ya plastiki iliyokuwa ya maji ya matunda, nikaiweka rafuni. Siku ya nne, tukiwa twala chakula cha jioni, kifuniko kiliruka na ukuta mweupe ukawa mwekundu. Mke wangu alicheka, kisha akanipa kitambaa na ndoo. Nilipewa funzo kwa bei nafuu. Ningaliweza kulipata kwa bei nyingine.

Yaani, chakula chenye mafuta na kitunguu saumu, kikifungwa bila asidi, chaweza kukuza vijidudu vya sumu kali iletayo ugonjwa uitwao botulismu, ambao huzuia mtu kupumua. Vijidudu hivyo havikui pahali penye asidi ya kutosha, yaani chini ya 4.6 katika kipimo cha asidi kiitwacho pH. Siki ndiyo mlinzi wetu. Wengine watauliza juu ya siki ya tembo la mnazi tuliyozoea. Ni nzuri kwa kachumbari na kwa sosi ya kula siku hiyo, lakini ukali wake hubadilika kutoka mtungi hadi mtungi. Kwa sosi ya kuweka, tumia siki iliyopimwa. Kadhalika ukwaju: sosi ya ukwaju ni tamu mno kwa mihogo na samaki, lakini tengeneza ya siku mbili tatu tu.

Fuata mpango huu:

(a) Tumia chupa za kioo zenye mdomo mpana na vifuniko vipya vya kuzungusha. Zioshe, zitie katika sufuria ya maji baridi, chemsha dakika 10.
(b) Jaza sosi ikiwa ya moto, ukiacha nafasi ya sentimita 1 juu. Pangusa mdomo wa chupa, funga.
(c) Tandika kitambaa chini ya sufuria kubwa, panga chupa zisigusane, mimina maji ya moto hata yafunike vifuniko, chemsha dakika 15.
(d) Toa, usiziweke penye upepo wala juu ya jiwe baridi zisije zikapasuka. Zikipoa, bonyeza katikati ya kifuniko. Kikicheza juu na chini, chupa hiyo haikufunga vizuri. Iweke penye baridi na uile wiki hiyo.
(e) Andika tarehe. Weka pahali penye giza. Tumia kabla ya miezi 3. Ikishafunguliwa, iweke katika jokofu. Asiye na jokofu atumie chupa ndogo ziishe upesi.

Chupa iliyovimba, itoayo povu au harufu ngeni, usiionje hata kwa ncha ya ulimi. Itupe.

7. HESABU

Mkulima asiyehesabu hufanya kazi kwa faida ya mwenzake. Tuchukue kilo 1 ya pilipili kali mbichi. Tuseme katika gramu 1,000, maji ni 750 na kitu kikavu ni 250. Pilipili kavu iliyo tayari hubaki na maji kama sehemu 10 katika 100. Basi zile gramu 250 ni sehemu 90, na uzito wote ni kama gramu 278. Kwa maneno mengine, kilo 18 mbichi hutoa kilo 5 kavu.

Hapa pana kanuni moja ya kukumbuka sokoni: zidisha bei ya kilo mbichi mara 3.6. Kama bei ya kilo kavu haizidi jibu hilo, kuanika hakukulipi kitu kwa kazi yako, uza mbichi. Ikizidi sana, anika. Dalali anayekuambia “kavu nakupa mara mbili ya mbichi” hakutendei wema, ijapokuwa neno “mara mbili” lapendeza masikioni.

Kwa sosi, chukua daftari uandike: pilipili (kwa bei ambayo ungeziuza), nyanya, vitunguu, siki, mafuta, kuni au makaa, chupa na vifuniko, nauli, na siku yako ya kazi. Jumlisha, gawanya kwa idadi ya chupa. Wengi husahau chupa na nauli, na hivyo viwili aghalabu hula faida yote. Akina mama wa chama kimoja wakinunua chupa na siki kwa pamoja, kila mmoja hupunguziwa mzigo.

8. KUUZA KWA HAKI

Kwa kula nyumbani na kuwapa jirani, huhitaji ruhusa ya mtu. Lakini anayetaka kuuza madukani au katika mahoteli ya Diani hana budi kufuata sheria: aonane kwanza na afisa wa afya ya jamii wa kaunti juu ya mahali pa kutengenezea na vyeti vya afya vya wafanyakazi, na apate alama ya Shirika la Viwango la Kenya. Kwa chama, gharama hizo hugawanyika. Kwa mtu mmoja ni nzito. Anzeni kwa pamoja.

Wala usitie rangi. Pilipili iliyoanikwa vema huwa nyekundu yenyewe, na iliyofifia haiponi kwa kupakwa. Mwaka 2005 huko Uingereza vyakula vya aina zaidi ya 400 viliondolewa madukani kwa sababu unga wa pilipili uliotumiwa ulikuwa umetiwa rangi ya viwandani isiyoruhusiwa katika chakula. Mtu mmoja aliitia rangi mahali fulani mbali, na hasara ikavuka bahari. Kadhalika jina jema la pilipili ya Kwale laweza kuharibiwa na gunia moja.

MASWALI YA KUJIJARIBU

1. Kwa nini pilipili haifai kuanikwa chini?
2. Utajuaje kwa mkono na kwa sikio ya kuwa pilipili imekauka?
3. Jirani ana pilipili zenye ukungu na asema atazisaga kisha azipike sana. Utamwambia nini?
4. Bei ya mbichi ni shilingi 50 kwa kilo. Kilo kavu yapasa kuzidi shilingi ngapi ndipo kuanika kulipe?
5. Siki ina kazi gani katika sosi ya chupa?

(Jibu la swali la 4 ni shilingi 180. Majibu mengine yamo katika somo. Yasomeni pamoja nyumbani, na mwenye macho mazuri amsomee mzee.)

Yule mama wa Mkongani alirudi kwake na gunia tupu, na kamba. Kaskazi iliyofuata alijenga uchaga nyuma ya nyumba yake. Nilipopita huko kwa kazi za ofisi aliniita, akachota pilipili konzi moja, akazitikisa karibu na sikio langu bila ya kusema neno. Zililia kama kayamba.

Haya, ndugu wakulima. Uchaga ni miti michache na kazi ya asubuhi moja. Anayeungoja msimu ndipo aujenge, mvua itamkuta angali akitafuta kamba.